Vigae vya Nakuru: Je, Chungu Kina Kabila?

MWEZI uliopita niliwapeleka wanafunzi wangu wa isimu kwenye kilima cha Hyrax Hill, kilomita chache kutoka katikati ya jiji la Nakuru ukishika barabara ya kuelekea Nairobi. Mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha na maji yalikuwa yamechimba vijifereji kando ya njia. Mwanafunzi mmoja akainama, akatazama ardhini, akaniita: "Prof, njoo uone kigae." Mwenzake akaangua kicheko. "Kigae gani na hapa hakuna bafu?"

Simlaumu. Ukiingia leo katika duka lolote la vifaa vya ujenzi mjini na kuuliza vigae, utaonyeshwa vile vya kupamba sakafu na kuta. Neno limehama. Lakini ukimwendea mzee wa pwani aliyekulia kwenye Kiswahili cha kale, atakwambia kwamba gae ni kipande cha chungu au mtungi uliovunjika, na kigae ni udogo wake. Ndiyo maana wahenga walisema mfinyanzi hulia gaeni. Yeye anayewafinyangia wengine vyungu vizima, nyumbani kwake anapakulia chakula katika kipande kilichovunjika. Tazama pia kiambishi kile cha mahali, -ni, kinavyofanya kazi: hulia gaeni, yaani ndani ya gae. Basi neno la wanaakiolojia tunalo tangu zamani, wala hatuna haja ya kuliazima kokote.

Kigae alichokiona kijana huyo kilikuwa na ukubwa wa kiganja cha mtoto, chekundu upande wa nje na cheusi ndani, na juu yake kulikuwa na alama za kitu kilichobingirishwa. Tulikitazama bila kukiokota. Ndipo msichana mmoja aliyekuwa amenyamaza asubuhi yote akauliza swali ambalo nimeulizwa mara nyingi katika miaka yangu ya kufundisha: "Na hiki ni cha kabila gani?"

Palikuwa na kimya. Sisi tunaoishi Nakuru, Njoro, Molo na Naivasha tunajua kwa nini. Katika bonde hili, swali la nani alitangulia si swali la darasani tu. Mwaka 1992, na tena baada ya uchaguzi wa 2007, watu walichomewa nyumba kwa sababu ya jibu la swali hilo hilo. Nikawaambia tukae chini ya mti tulizungumze polepole. Makala ya leo ni muhtasari wa mazungumzo yale, na mengine niliyoyakumbuka nikiwa njiani kurudi nyumbani.

Tuanze na kilima chenyewe. Hyrax ni pimbi, yule mnyama mdogo anayeishi katika nyufa za miamba, na walowezi ndio waliokiita kilima kwa jina lake. Louis Leakey alikuwa akichimba makaburi ya kale karibu na Nakuru mwaka 1926 alipoona kwamba kilima hiki nacho kina mabaki. Aliyekuja kukichimba kwa utaratibu ni mkewe, Mary Leakey, mnamo 1937 na 1938, akiwa bado hajatimiza miaka 26. Ripoti yake ilitoka mwaka 1945. Alikuta makaburi ya wafugaji wa kale, wakati wenyeji wa Kenya ya kati walikuwa bado wakitumia zana za mawe na mabakuli yaliyochongwa kwa mawe. Alikuta pia mashimo makubwa ya duara yaliyokuwa mazizi ya ng'ombe, ambayo ni ya juzi yakilinganishwa na makaburi. Mashimo hayo ndiyo wengi wenu mnayaita ya Wasirikwa. Kilima kilitangazwa kuwa turathi ya kitaifa mwaka 1943, na nyumba ya shamba iliyokuwa hapo ikafunguliwa kama makumbusho mwaka 1965.

Sasa vyungu. Mwanaakiolojia akipata kigae hakiulizi jina lake. Kwanza anakitazama udongo: umechanganywa na nini, mchanga au vigae vya zamani vilivyosagwa? Anatazama rangi ya mvunjiko ajue moto ulikuwa mkali kiasi gani. Kama kigae ni cha mdomoni, anakilaza juu ya karatasi yenye duara nyingi ili akadirie upana wa chungu kizima. (Napenda jinsi lugha yetu inavyokiona chungu kama mwili: kina mdomo, shingo, tumbo na kitako.) Kisha anachunguza mapambo na mahali yalipowekwa. Mwishowe anavipanga vigae vyake mafungu mafungu, na kila fungu analipa jina.

Na hapo kwenye kupeana majina ndipo sisi watu wa lugha tunapoanza kutega sikio.

Katika kitabu chake cha 1931, Louis Leakey aliyaita mafungu mawili ya vyungu na mabakuli ya mawe ya huku kwetu Gumban A na Gumban B. Jina lilitoka wapi? Alikuwa amelelewa Kabete miongoni mwa Waagikuyu, na Kigikuyu alikizungumza kama mwenyeji. Masimulizi ya Waagikuyu yanawataja Agumba, watu wafupi waliokaa nchini kabla yao na wakatoweka. Leakey akalichukua jina hilo la masimulizi akalibandika kwenye vyungu. Kosa liko wapi? Msikilizaji akisikia "vyungu vya Gumba" anaamini tayari kwamba tunawajua waliovifinyanga, na kwamba simulizi imethibitishwa. Kumbe hakuna kilichothibitishwa, kwani jina peke yake si ushahidi.

Wala si hilo tu. Zana za mawe za kutoka pango la Gamble, karibu na Ziwa Elmenteita, Leakey alizipa jina la Aurignac, mahali palipo kusini mwa Ufaransa! Eti kwa sababu zilifanana na za huko. Ilichukua miongo mitano kabla wataalamu kulitupa jina hilo na kuziita za Eburu, kwa mlima unaoonekana kutoka hapo hapo pangoni.

Katika miaka ya sabini mwanaakiolojia wa Kenya, Simiyu Wandibba, ambaye baadaye alikuwa profesa katika Chuo Kikuu cha Nairobi, aliingia kazini. Alivipanga upya vyungu vya wafugaji hawa kwa kuzingatia sifa zake vyenyewe, yaani umbo, mapambo na mahali pa mapambo, na kila fungu likaitwa kwa jina la mahali. Ndipo tukapata vyungu vya Nderit, vya Narosura, vya Maringishu, vya Akira, na vile vya Elmenteita. Gumban A ikawa Nderit. Jambo hilo linaweza kuonekana dogo, lakini kwangu mimi ni miongoni mwa kazi muhimu za istilahi zilizofanywa nchini. Jina la mahali halidai mengi. Linasema tu kwamba chungu cha namna hii kilitambuliwa kwanza hapa.

Nderit, kwa asiyeijua, ni mto unaoingia Ziwa Nakuru kutoka kusini. Vyungu vyake huvisahau ukishaviona mara moja? Thubutu! Nje vimechomwa vijialama vya pembe tatu vilivyosongamana hadi chungu kinafanana na kikapu kilichosukwa, na ndani mara nyingi vimekwaruzwa mistari. Hata hivyo, vyungu hivyo hivyo vimepatikana kandokando ya Ziwa Turkana, tena vya huko ni vya zamani zaidi, vingine vikikaribia umri wa miaka 5,000. Kwa hiyo hata jina la mahali lina udhaifu wake. Limekipa chungu uraia wa Nakuru, ilhali kilifika huku kikiwa mgeni.

Vyungu vya Elmenteita ni vya tabia nyingine kabisa. Vingi havina mapambo. Vina vishikio vidogo, na baadhi vina mdomo wa kumiminia. Waliovitumia ndio waliozika wafu wao katika pango la Mto Njoro, ambalo akina Leakey walilichimba mwaka 1938. Takriban watu 80 walilazwa humo miaka 3,000 hivi iliyopita, na maiti zilichomwa moto. Pamoja nao kulikuwa na mabakuli ya mawe, michi na shanga nyingi za mawe ya rangi. Moto huo uligeuza baadhi ya vitu makaa na kwa hivyo ukavihifadhi, kikiwemo chombo cha mti kilichonakshiwa na kibuyu. Hebu kifikirie hicho kibuyu kidogo. Mfugaji wa leo katika sehemu hizi bado anagandisha mursik katika kibuyu. Vibuyu vingapi vya kale vilioza visiachе hata chembe, tukabaki na vyungu peke yake tukidhani ndivyo vyombo vyote?

Makundi haya mawili, la Elmenteita na lile lingine lenye Narosura na wenzake, yaliishi katika nchi moja kwa karne nyingi. Tofauti yao haikuwa ya vyungu tu. Uchunguzi wa kikemia wa obsidiani, lile jiwe jeusi la volkano linalong'aa kama kioo, unaonyesha kwamba watu wa Elmenteita walipenda kuchukua lao katika Mlima Eburu, na wenzao wakalichukua zaidi kwenye bonde la Naivasha. Majirani, kila mmoja na duka lake.

Ukimpa mwanaisimu habari kama hiyo, mate yanamdondoka. Christopher Ehret alikuwa ameshaonyesha kwa kulinganisha maneno ya mkopo kwamba Wakushi wa Kusini, ambao Wairaki wa Tanzania ni jamaa zao wa leo, na Waniloti wa Kusini, yaani mababu wa lugha za Kikalenjin, walipita na kukaa katika nyanda hizi zamani sana. Mwaka 1982, katika kitabu ambacho Ehret alikihariri pamoja na Merrick Posnansky, mwanaakiolojia Stanley Ambrose aliunganisha mambo hayo mawili. Makundi mawili ya vyungu, makundi mawili ya lugha. Elmenteita ni Waniloti wa Kusini, hao wengine ni Wakushi wa Kusini. Ilipendeza mno. Mimi mwenyewe niliichora jedwali hiyo ubaoni kwa zaidi ya miaka ishirini, na wanafunzi wangu wakaikariri na kuiandika katika mitihani nikawapa alama.

Kisha mwaka 2019 jarida la Science likachapisha utafiti ulioongozwa na Mary Prendergast na wenzake, wakiwemo watafiti wa Kenya na Tanzania. Walichunguza DNA ya mifupa ya watu 41 wa kale kutoka Kenya na Tanzania. Pamoja na mengine waliyoyapata, waliozikwa na vitu vya Elmenteita na waliozikwa na vitu vya kundi jingine walikuwa karibu sawa kinasaba. Huwezi kuwatenganisha kwa damu kama unavyowatenganisha kwa vyungu.

Niliipangusa jedwali yangu. Lakini tusikimbilie upande wa pili pia, maana DNA haizungumzi lugha. Watu wa damu moja wanaweza kuwa na lugha mbili, na watu wa lugha moja wakawa na asili kumi; Waswahili ni ushahidi tosha wa hilo. Huenda Ehret na Ambrose walikuwa sahihi kuhusu lugha. Kilichoporomoka ni ule uhakika wetu kwamba chungu, lugha na damu husafiri katika gari moja.

Kosa hili si letu peke yetu. Karne ya kumi na nane, vyungu vizuri vilivyochorwa picha vilikuwa vikichimbuliwa kwa wingi katika makaburi ya Italia, katika nchi ya watu wa kale waitwao Waetruski. Watu wa Ulaya wakasema: vimetoka kwa Waetruski, basi ni vya Waetruski. Josiah Wedgwood, mfinyanzi tajiri wa Uingereza, alipofungua kiwanda chake mwaka 1769 alikiita Etruria kwa heshima yao. Walikuwepo wasomi waliobisha, lakini ilichukua muda hadi kila mtu akubali kwamba vyungu hivyo vilikuwa vya Wagiriki, vingi vikiwa vimefinyangwa Athens na kusafirishwa kwa merikebu ili kuuzwa. Mnunuzi alikuwa Mwetruski. Lugha ya chungu na lugha ya kaburi zilikuwa mbili tofauti.

Wao walikuwa na bahati ambayo sisi hatuna, kwa sababu vyungu vya Wagiriki vinasema. Kimoja mashuhuri, kilichopatikana karibu na mji wa Chiusi miaka ya 1840, kina maandishi zaidi ya 100, na kati yake yamo majina ya Ergotimos aliyekifinyanga na Kleitias aliyekichora. Hata visivyo na jina, John Beazley wa Oxford aliweza kuvigawia wachoraji wake kwa kutazama jinsi mchoraji anavyochora sikio au kidole, mithili ya mwalimu anayetambua mwandiko wa kila mwanafunzi. Kwa Wagiriki hao kigae kiliitwa ostrakon, na raia wa Athens waliandika juu yake jina la mwanasiasa waliyetaka ahamishwe mji kwa miaka kumi. Nakuru tungehitaji vigae vingi sana.

Ya kwetu hayana maandishi. Ila tuna jambo ambalo Beazley hakuwa nalo, nalo ni wafinyanzi walio hai. Ingrid Herbich, aliyekaa na wafinyanzi wa Kijaluo karibu na Ziwa Victoria, aliandika mwaka 1987 kwamba mwanamke huko aghalabu hajifunzi ufinyanzi kwa mama aliyemzaa. Anajifunza baada ya kuolewa, kwa mama mkwe na wake wenza wa boma alilohamia. Kwa hivyo mtindo wa chungu unafuata boma na majirani wa kazi. Ukikisoma chungu hicho ukadhani unasoma ukoo wa mfinyanzi, umepotea. Wamaasai nao hawakuwa na desturi ya kufinyanga. Chungu walikipata kwa majirani. Na kule Gede, karibu na Malindi, James Kirkman alichimbua vipande vya kauri ya Uchina katika nyumba za Waswahili, wala hajatokea mtu akadai kwamba Gede walisema Kichina!

Tukirudi kwenye lugha, kuna ushahidi wa namna nyingine ambao chungu chenyewe hakiwezi kuutoa. Kitenzi cha kale cha Kibantu cha kazi hii kilikuwa na mzizi -bumb-. Waganda wanasema kubumba hadi leo, na mfinyanzi wao ni mubumbi. Wabukusu nao wanasema khubumba. Kigikuyu kimeidondosha b, na mũũmbi ni mfinyanzi. Mama wa taifa lao, Mũmbi, anabeba jina hilo hilo. Kiswahili nacho kimeidondosha, kikabaki na -umba, lakini kikafanya jambo la ajabu. Kililipandisha neno mbinguni. Leo Muumba ni Mungu, kiumbe ni aliyeumbwa, umbo ni sura ya kitu, na kwa kazi ya udongo tukalazimika kutumia -finyanga, kama vile -tunga inavyotupa mtunzi na -finyanga ikatupa mfinyanzi. Neno linatuambia kwamba wasemaji wa lugha hizo walikuwa wafinyanzi kabla hawajatengana. Halituambii ni kigae kipi walikifinyanga, wala wapi.

Nilipofika hapo msichana yule akaniuliza tena, safari hii kwa sauti ya chini: "Kwa hivyo hatuwezi kujua?" Nikamwambia tunaweza kujua mengi, ila si yale tunayotaka kugombania. Tunajua kwamba alama za kubingirisha zilizo kwenye kigae chake ni za kamba iliyosokotwa, na kwamba vyungu vya aina hiyo huitwa vya Lanet, kwa sababu Posnansky alivichimba Lanet mwaka 1957, hapo karibu na kambi ya jeshi. Ni vya zama za mashimo ya ng'ombe, si vya makaburi. Tunajua kutokana na mafuta yaliyonywewa na udongo wa vyungu vya wafugaji wa kale wa Kenya na Tanzania, kama matokeo yaliyochapishwa mwaka 2020 yalivyoonyesha, kwamba walipika nyama, walitia maziwa, na walipika mimea. Lakini kigae hakina hati ya shamba.

Na hata majina tunayoyatumia kudai wenyeji, mengi tumeyakuta. Naivasha ni Enaiposha ya Wamaasai iliyopindwa na ndimi za Wazungu. Mwanamke aliyekitia chungu cha Nderit motoni ziwani hapa aliliita ziwa hili jina lingine kabisa.

Wasomaji kadhaa wameniuliza wafanye nini wakikuta vigae shambani. Usikiokote, usikioshe, na tafadhali usikipeleke sebuleni. Kigae kilichohamishwa kimepoteza nusu ya habari zake, kwani kina chake ardhini na vilivyo jirani naye ndivyo vinavyotoa umri. Isitoshe, Sheria ya Makavazi na Turathi ya mwaka 2006 inavilinda vitu hivi. Piga picha, weka sarafu kando yake ili ukubwa uonekane, tia alama mahali, kisha uwape habari maafisa wa makumbusho pale Hyrax Hill. Cha mwanafunzi wetu tuliwaonyesha kabla ya kuondoka. Afisa aliandika mahali kilipo na tarehe kwenye daftari, na kwenye safu ya "aina" akaandika Lanet, akaongeza alama ya kuuliza.